Balometa na pitoti zimegombana saiti Dodoma, tofauti asilimia 16. Nani muongo?

#1 FeniKubwa
Wakuu, habari za majukumu.

Niko Dodoma, jengo la ofisi, nabalansi hewa kabla ya makabidhiano. Ghorofa ya pili ina AHU moja (mashine inayopoza na kusukuma hewa) na difyuza 18 (midomo ya hewa darini), zote za njia nne, mm 595 kwa 595. Nimepita difyuza moja moja na hudi (balometa ya kukodi, ile kofia ya kitambaa inayofunika difyuza na kupima hewa yake, sketi ya 610 kwa 610), jumla ikaja 6,850 m³/h. Nikatoboa dakti kuu (njia ya bati ya hewa), 700 kwa 450, nikapitisha pitoti (kijibomba kinachopima presha ya mwendo wa hewa) pointi 25, ikaja 8,200. Konsaltanti anataka ripoti Ijumaa, na anataka namba moja, sio mbili.

Hudi napiga sifuri kila asubuhi, cheti cha ugezi (uhakiki wa usahihi wake) bado hai, betri mpya. Sasa hapo nimwamini nani?

#2 ChumaChakavu
Siti ya mbele. Ngoja waje wenye kalkuleta.

#3 Mpangaji wa Sinza
Wakuu samahani, na mimi AC yangu ya ukutani inadondosha maji kitandani, inaweza kuwa ni hiyo balometa?

#4 BwanaDampa
#3 mpira wako wa kutolea maji umeziba. Upulize kwa nje, ute utatoka, lala kwa amani.

FeniKubwa, mbona hakuna muongo hapo. Pitoti inapima kinachotoka kwenye feni, hudi inapima kinachomfikia mtu kwenye kiti. Katikati yao kuna dakti, na hiyo dakti inavuja. Fundi bati amefunga flenji kwa boliti, kona nne hakupaka silanti, akaifunika na insulesheni ili usione. Panda juu ya dari, lowanisha mkono, upitishe taratibu kwenye kila ungio. Mkono wenye maji haudanganywi. Asilimia 10 kupotelea humo wala sio ajabu.

#5 MwalimuWaUpepo
Salamu kutoka Nairobi. BwanaDampa usikimbilie kumlaumu fundi bati. Dodoma iko juu, mita 1,120 hivi. Ile kanuni ya pitoti, kasi ni 1.29 mara kipeuo cha pili cha paskali, ni ya hewa yenye uzito wa kilo 1.2 kwa mita ya ujazo, yaani usawa wa bahari, nyuzi 20. Huku kwetu mita 1,795, ukitumia 1.29 kama ulivyofundishwa chuoni unakosea kwa karibu asilimia 10. Tofauti yake iko hapo, dakti iacheni.

#6 NyanyaChungu
Mwalimu, kosa umeliona, ila umelielekeza siko. Hewa ikiwa nyepesi na presha ikawa ileile, kasi halisi inakuwa KUBWA zaidi. Presha ya hewa Dodoma ni kama hPa 886. Kwa nyuzi 25 uzito unakuja 1.04, kizidisho kinapanda kutoka 1.29 hadi 1.39. Pitoti ya jamaa ilitakiwa kusema kama 8,800. Pengo limepanuka. Mgonjwa alikuja na homa, umemwongezea na malaria.

#7 MwalimuWaUpepo
😂 Nimekubali. Lakini na wewe hewa ya nyuzi 25 umeitoa wapi ndani ya dakti ya baridi? Ikitoka kwenye koili ya kupoza iko 14 au 15. Uzito 1.07, kizidisho 1.37. Hiyo ni 8,700.

#8 NyanyaChungu
8,700 poa. Bado iko juu ya 8,200 lakini.

#9 FeniKubwa
Asanteni. Sasa na hudi je, yenyewe inajua iko Dodoma? Kwenye kioo pembeni ya namba kuna herufi ndogo STD. Ndivyo ilivyokuja kutoka kwa niliyemkodi.

#10 NyanyaChungu
Eeh, hilo lilipaswa kuwa kwenye posti ya kwanza.

STD maana yake hudi imepima hewa ya Dodoma halafu ikaigeuza iwe kana kwamba ni hewa nzito ya usawa wa bahari. Bonyeza hadi isome ACT, ndiyo hewa yenyewe inayopita hapo. Kwa mkono: 6,850 gawanya kwa 0.89, unapata kama 7,700. Sasa linganisha na 8,700. Pengo limeshuka kutoka 16 hadi 12 bila mtu kupanda ngazi.

Halafu muulize konsaltanti: m³/h alizoandika kwenye mchoro ni za hewa ipi? Wengi wanaiga orodha ya AHU ya mradi wa pwani. Akikwambia "za kawaida tu" jua hajui.

#11 Mswahili wa Maskati
Assalaam aleikum. Mimi niko Maskati na kazi yangu ni hii hii, kubalansi tu, asubuhi mpaka jioni. Nina maswali mawili.

La kwanza. Kuna hudi yenye sensa ya baromita ndani na kuna ile unayoiandikia presha mwenyewe. Kama ni ya kuandika, namba imetoka wapi? Nimeona vijana wanafungua hali ya hewa kwenye simu. Simu itakwambia Dodoma ni 1,015 hivi. Hiyo sio presha iliyopo hapo ulipo. Watu wa hali ya hewa wanaigeuza iwe ya usawa wa bahari ili ramani za miji zilingane. Ukiiingiza hiyo kwenye kifaa, umeibeba Dodoma ukaiweka Tanga.

La pili. Hudi anashika nani?

#12 FeniKubwa
Sensa iko ndani, inasoma 887, kwa hiyo hapo salama.

Nashika mwenyewe, niko juu ya ngazi ya A, kijana yuko chini anaandika.

#13 Mswahili wa Maskati
Kijana aache kuandika, ashike ngazi. Namba zihifadhi kwenye kifaa, hudi karibu zote zina kumbukumbu.

Ukishainua ile sketi huoni miguu yako wala ngazi ya mwisho. Mikono yote iko juu, kifaa kina kilo tatu au zaidi, na unakisukuma juu ili kikae sawa kwenye dari. Ngazi ikiteleza huna cha kukamata. Huku kwetu msimamizi wa usalama akikukuta hivyo anakutoa saiti siku hiyohiyo. Tumia stendi ya magurudumu, ile yenye nguzo inayopanda, ufunge breki, usimame chini usome kioo. Kama hakuna stendi basi ngazi ya jukwaa, yenye kizuizi cha kiunoni, na mtu wa pili.

Na kabla hujainua, angalia dari kwanza. Kichwa cha springla kikiwa sentimita 20 kutoka kwenye difyuza, kona ya fremu yako inakipiga kabla hujajua. Kile kichupa chekundu ni cha kupasuka kwa nyuzi 68, lakini ukikipiga kinapasuka hata kwa nyuzi 20, na hayo maji meusi yanayotoka huyasahau. Angalia na nyaya za taa zilizolazwa juu ya bodi bila boksi. Ukiinua bodi kwa fremu unaweza kuivuta waya.

#14 ChumaChakavu
Shehe wa Maskati kaongea kama aliwahi kuogeshwa na springla.

#15 Mswahili wa Maskati
Sikuogeshwa mimi. Alioga mwenye zulia.

#16 DadaFilta
Niongezee kwa wale wa hospitali, maana wanaazima hudi hizihizi za maofisini. Mimi niko Mwanza, upande wa matengenezo.

Ile sketi ni kitambaa, inabeba vumbi. Ukitoka kupima grili ya kunyonya ya chumba cha wagonjwa wa kifua kikuu ukaingia nayo theatre, umewapelekea. Anza theatre, malizia kule. Ifute kila ukihama, vaa barakoa ya N95 ukiwa kwenye kunyonya, na uwaambie manesi kabla. Chumba cha kutenga wagonjwa kinatakiwa kivute hewa ndani muda wote, mabadiliko 12 kwa saa. Ukiifunika grili ya kunyonya kwa hudi, feni inakabwa na ule mvuto unapungua kwa muda uliopo hapo. Soma, toa, ondoka. Usiiache hudi juu eti unajibu simu.

FeniKubwa, kwako wewe swali langu ni la kizamani kidogo: ile sponji kwenye ukingo wa fremu ikoje? Za kukodi huwa zimelala kama sandali za msikitini. Ingiza tochi inayowaka ndani ya sketi, ibandike hudi darini, zima taa za chumba. Mwanga ukichungulia pembeni, na hewa inapita hapohapo.

#17 FeniKubwa
Nimefanya ya tochi leo mchana. Upande mmoja mwanga unatoka, urefu wa kiganja, pale sponji imekatika. Nimebandika mpya. Difyuza ya kwanza imepanda kutoka 402 hadi 411. Nikageuza hudi robo duara, ikasoma 409. Zote hizo ni ACT.

#18 BwanaDampa
9 kati ya 402 ni asilimia mbili. Dakti bado iko pale inakungoja.

Na usisukume hudi kwa nguvu ili kuziba pembeni. Ukisukuma, bodi ya pembeni inanyanyuka kwenye T (fremu ya dari), hewa inapenya juu ya dari. Unaziba hapa unafungua pale. Ibandike, isikae kama unapiga jeki.

#19 Baba Mkude
Mnatesa watu na vifaa vya mamilioni. Feni ya choo au ya jikoni chukua mfuko mkubwa wa taka, wa lita 100, ukunje hewa yote itoke, ubandike kwenye mdomo unaotoa hewa nje, washa saa. Ukijaa kwa sekunde nne hiyo ni lita 25 kwa sekunde, sawa na 90 m³/h. Kazi imeisha.

#20 ChumaChakavu
Konsaltanti apewe ripoti imeambatanishwa na mfuko wa taka 😂😂

#21 NyanyaChungu
Msicheke, mfuko ni njia inayojulikana na kwa feni ndogo hauko mbali na ukweli. Tena hudi kubwa kwenye hewa kidogo ndiyo inayosumbua. Kifaa kinachodai asilimia 3 ya usomaji, jumlisha 12 m³/h, ukikipeleka kwenye grili ya choo yenye 90, hiyo 12 peke yake ni asilimia 13. Ila Baba Mkude, kwa 400 ya difyuza ya ofisi mfuko wako unajaa chini ya sekunde moja. Utabonyeza saa na jino?

#22 Baba Mkude
Nitaleta mfuko wa mbolea.

#23 BwanaDampa
Kuna jingine hamjaligusa. Hudi yenyewe inaikaba difyuza. Umeweka kitambaa na grili ya vipimo kwenye njia ya hewa, hewa ikiona upinzani inahamia difyuza ya jirani. Unasoma 380 wakati ukitoa hudi inapita 400. Ndiyo maana baadhi ya hudi zina vibao pale chini, unasoma vikiwa wazi na vikiwa vimefungwa, kifaa kinajua kimekaba kiasi gani na kinarekebisha.

#24 NyanyaChungu
Kwa 380 ukabaji ni mdogo. Unaanza kuuma ukikaribia 850 kupanda.

#25 BwanaDampa
Kwenye kitabu, ndiyo. Inategemea tawi lina presha kiasi gani. Difyuza ya mwisho kabisa, dampa (kibao cha kubana hewa) iko wazi yote, flekisi (bomba laini) imekunjwa kama utumbo, nyuma yake kuna paskali chache tu. Hapo hudi ikiongeza paskali mbili tatu umeshaigusa. Difyuza iliyo karibu na AHU, yenye dampa iliyobanwa nusu, haitajua hata kama umeweka hudi. Kwa hiyo ukitumia kirekebisho kimoja kwa zote 18 umewaonea wa mwisho.

#26 NyanyaChungu
Hapo nakuelewa. Ila bado haifiki asilimia 12.

#27 MwalimuWaUpepo
Sote tunaikagua hudi kama mtuhumiwa na pitoti tumeipa kiti cha hakimu. FeniKubwa, ulitoboa wapi?

#28 FeniKubwa
Mita moja na nusu baada ya kona inayotoka chumba cha AHU. Mbele ya hapo tawi la kwanza linaanza, hakuna sehemu nyingine iliyonyooka.

#29 MwalimuWaUpepo
Basi. Dakti ya 700 kwa 450 ni sawa na duara la kama sentimita 61. Unatakiwa uwe na urefu wa kipenyo hicho mara 7.5 baada ya kona, yaani mita nne na nusu. Wewe uko kwenye theluthi ya hapo. Upande wa nje wa kona hewa inakimbia, wa ndani inazubaa. Tupe namba za chini na za juu.

#30 FeniKubwa
Ya juu 48 Pa, ya chini 6. Hakuna hasi.

#31 MwalimuWaUpepo
Mtihani tunaotumia: angalau robo tatu ya pointi ziwe juu ya moja ya kumi ya ile kubwa kabisa. Yako moja ya kumi ni 4.8, na ya chini ni 6, kwa hiyo umepita kwenye karatasi. Lakini ni mfano wa mwanafunzi aliyepita kwa kuchungulia.

Na swali la mwisho, usikasirike: wastani ulitafuta wa presha au wa kasi?

#32 FeniKubwa
Ni jedwali la Excel lililokuwepo ofisini. Ngoja nifungue... Linajumlisha presha, linagawa kwa 25, halafu ndiyo linatafuta kipeuo.

#33 NyanyaChungu
Mwalimu leo umelipa deni lako la #5.

Kila pointi inatakiwa igeuzwe kwanza iwe kasi, ndipo utafute wastani. Jaribu na mbili tu, 6 na 48. Wastani wa presha ni 27, kipeuo chake 5.2. Lakini kipeuo cha 6 ni 2.45, cha 48 ni 6.93, wastani wake 4.69. Hiyo ni tofauti ya asilimia 10 na zaidi kwa kosa la jedwali. Kwa pointi 25 haitafika huko, nyingi ziko katikati, ila itakushusha kwa asilimia kadhaa. Jedwali lisilo na mwenyewe liogope kuliko ngazi.

#34 BwanaDampa
Kwa hiyo sasa hewa haipungui tena, feni ndiyo ilikuwa inasifiwa bure?

#35 DadaFilta
Mnazunguka. Chukueni difyuza moja yenye tawi la bati lililonyooka, mpime tawi na difyuza kwa wakati mmoja. Mkipata uwiano wa hiyo hudi kwa aina hiyo ya difyuza, mnautumia kwa ndugu zake. Hiyo ndiyo njia ya kuihakiki hudi saiti, cheti cha ugezi kinasema tu ilikuwa nzima siku ile maabara.

#36 Mswahili wa Maskati
DadaFilta kasema. Na siku ya kupima hakikisheni filta ni zilezile, milango imefungwa, na feni iko kwenye kasi moja, isiwe VFD (kidhibiti kasi cha feni) inapanda na kushuka yenyewe. Nimeona watu wanapima difyuza asubuhi na dakti alasiri, halafu wanashangaa haviongei.

#37 FeniKubwa
Nimerudi wakuu. Nimepata tawi la duara, kipenyo 250, mita tatu zimenyooka, bati tupu hadi kwenye boksi la difyuza. VFD imefungwa 45 Hz. Stendi nimeazima, Shehe usinipigie kelele tena.

Hudi, ACT: 482. Pitoti, wastani wa kasi, kizidisho 1.37: 520. Yaani uwiano 1.08.

Na dakti kuu nikirudia hesabu kwa kasi badala ya presha inakuja 8,320. Hudi zote ACT na sponji mpya 7,810. Ukizidisha kwa 1.08 inakuwa 8,430, yaani imepita hata ya feni.

#38 ChumaChakavu
Difyuza zinatoa hewa nyingi kuliko feni inayozilisha. Hii ni miujiza, tuite wachungaji.

#39 BwanaDampa
Na dakti inavuja juu ya hapo.

#40 NyanyaChungu
1.08 siiamini. 520 kwenye bomba la 250 ni mita tatu kwa sekunde kasoro kidogo. Presha yake haifiki 5 Pa. Hapo pitoti inakisia, manomita (kipima presha) ikitetereka nusu paskali umeshapoteza asilimia tano. Tawi lenye kasi ndogo hivyo ni kazi ya anemomita ya waya wa moto (kipima kasi ya hewa), sio pitoti.

#41 MwalimuWaUpepo
Mimi ninaiamini 1.08 kuliko ile traversi (vipimo vya pointi 25) ya mita moja na nusu baada ya kona. Angalau tawi limenyooka, vipenyo 12.

#42 NyanyaChungu
Kunyooka hakuongezi paskali, Mwalimu.

#43 DadaFilta
Kwa ripoti ya Ijumaa, 7,810 na 8,320 ziko ndani ya asilimia 7. Kama makubaliano ni kila difyuza iwe ndani ya asilimia 10 ya mchoro, andika namba za hudi, andika ACT, andika presha 887 na joto, ambatanisha traversi na picha ya ulipotoboa. Konsaltanti akitaka namba moja achague yeye, asaini yeye.

#44 BwanaDampa
Atasaini halafu mwezi wa tatu watu wa mwisho wa korido watalalamika joto. Mkono wenye maji jamani, nani amepanda juu ya dari mpaka sasa?

#45 FeniKubwa
Napanda kesho asubuhi kabla feni haijawashwa, halafu iwashwe nikiwa huko. Kuna mtu Dodoma ana anemomita ya waya wa moto ya kuazima nusu siku?

#46 Baba Mkude
Ninayo, Area C, njoo PM. Imesoma vizuri mara ya mwisho kwenye jiko la hoteli, ila kile kichwa chake usikiguse kwa kidole, na usiiweke karibu na yule kijana wako wa kuandika.

#47 Mpangaji wa Sinza
Nimepuliza mpira, umetoka ute kama uji wa mtama. Sasa AC inanuka.